Mahekalu ya Guangzhou na kijana wa yuan mia

"Mimi ni mfanyabiashara wa nguo Kariakoo. Mwezi wa kumi nakwenda Guangzhou kufuata mzigo, na safari hii namchukua mama yangu. Ana miaka 67 na magoti yanamsumbua. Nikishamaliza oda zangu tutabakiwa na siku moja na nusu. Nimesikia katikati ya mji kuna mahekalu ya Kibudha ya zamani sana, na mama anatamani kuyaona. Wakala wetu wa mizigo anasema ana kijana wa kutuzungusha mahekalu matano kwa siku, na gari juu yake, kwa yuan 100 tu. Shemeji yangu ananiambia nisithubutu: sisi Waislamu, na ukiingia mle unashikishwa udi na kuinamishwa mbele ya masanamu. Nishike la nani? Na kweli kuna haja ya mwongozaji, au tutembee wenyewe?"

Dada yangu, naanza na la shemeji, maana naona ndilo linalokukosesha usingizi. La kijana wa yuan mia nitalifikia, na hapo nitakuwa mkali kidogo.

Hakuna mtu atakayekushikisha udi. Nimeishi Guangzhou miaka mingi na kuwapeleka wageni wa dini zote kwenye mahekalu hayo, na sijaona hata mara moja mtawa akimwambia mgeni afanye ibada. Hekalu la Kichina si ukumbi mmoja ambao ukishaingia umenaswa. Ni mfuatano wa nyua, moja nyuma ya nyingine, na kila uwanja una ukumbi wake. Anayetaka kuomba huchukua vijiti vyake vitatu vya udi, huviwasha kwenye chetezo kikubwa cha chuma kilichoko nje uani, huinama, kisha huenda kupiga magoti kwenye mito iliyopangwa ndani. Asiyetaka hupita zake. Utakuta mabibi wametoka sokoni na mboga zao mkononi, vijana wanapiga picha mti, mzee amesinzia kwenye benchi. Viatu havivuliwi, huo ni utaratibu wa Thailand na Myanmar ambao watu huuchanganya na wa China. Buibui na hijabu yako havitamshangaza mtu.

Adabu zenyewe ni chache. Vizingiti vya milango ni virefu. Viruke, usivikanyage, na mama mshike mkono hapo kwa ajili ya magoti. Ingia kwa mlango wa pembeni, si wa katikati. Usipige picha ndani ya kumbi, usiisonte sanamu kwa kidole, na ile mito ya kupigia magoti msiifanye viti hata kama mama amechoka. Mtawa akikusalimu kwa kukutanisha viganja, kuitikia kwa kichwa kunatosha.

Sasa, kama kuingia kwenyewe kunafaa kwa Mwislamu, hilo sina mamlaka nalo. Muulize shehe wako ana kwa ana kabla ya safari, na umweleze hasa mtakachofanya: mtatazama majengo, mtasikiliza historia, mtatoka. Ukimwambia tu "tumealikwa kwa masanamu" utapata jibu la swali ambalo hukuliuliza. Na lipo jambo moja litakalokurahisishia: katika hekalu la Guangxiao, ambalo ndilo ningekupeleka kwanza, vitu vya kale zaidi viko nje, uani. Unaweza kuona kiini chake chote bila kuvuka kizingiti cha ukumbi hata mmoja.

Hapo ndipo tunapoingia kwenye maana ya "zamani sana", kwa sababu wageni wengi huja na picha isiyo sahihi na mwongozaji mbovu huipalilia. Atakusimamisha mbele ya ukumbi wenye rangi inayong'aa na kusema, "Huu una miaka elfu moja na mia sita." Si kweli, wala si uongo kamili. Historia ya ukumbi mkuu wa Guangxiao inaanzia mwaka 401, alipoujenga mtawa aitwaye Dharmayasas aliyetoka Kashmir. Lakini jengo la mbao katika mji wa mvua, mchwa, moto na tufani halikai miaka yote hiyo. Hujengwa upya, hupanuliwa, hupakwa rangi, na jina na mahali hubaki. Wewe ni mtu wa pwani, hili si geni kwako. Msikiti wa Kizimkazi kule Unguja una maandishi ya Kiarabu ya mtindo wa Kikufi ya mwaka 1107, lakini sehemu kubwa ya jengo unaloliona ni ya karne ya 18. Hakuna anayesema Kizimkazi ni uongo. Tunajua tu kipi ni cha lini. Mwongozaji mzuri kazi yake ni hiyo hasa, kukutenganishia.

Basi Guangxiao kipi ni cha kale chenyewe? Kuna minara miwili ya chuma, imewekwa chini ya paa za kuikinga. Wa magharibi uliyeyushwa na kumiminwa mwaka 963, wa mashariki mwaka 967, na ni ya kale kuliko minara yote ya chuma yenye tarehe inayojulikana nchini China. Wa magharibi umebaki ghorofa tatu tu kati ya saba, nyumba iliyokuwa ikiufunika iliporomoka na kuuvunja. Wa mashariki uko mzima, urefu wake si kufika mita nane, na umejaa vijidirisha vidogo vyenye sanamu za Buddha, mamia kwa mamia. Pita haraka na utaona chuma chenye kutu. Simama na mtu anayejua, na utaanza kuhesabu.

Halafu kuna mnara wa nywele. Hiki ndicho kisa nikipendacho, na ndicho kinachofanya Wabudha watoke mbali kuja hapa. Katika karne ya saba alikuwepo kijana wa jimbo hilihili la Guangdong, Huineng, muuza kuni, yatima wa baba, hajui kusoma. Alisikia mtu akisoma msahafu wa Kibudha, moyo ukamgeuka, akaenda kaskazini kujifunza. Mwalimu wake akamwachia urithi wa uongozi, yeye muuza kuni, na wenye elimu wakakasirika hadi akalazimika kukimbia na kujificha miaka 15 hivi. Mwaka 676 akatokea kwenye hekalu hili. Watawa wawili walikuwa wakibishana juu ya bendera: mmoja anasema inayotikisika ni bendera, mwingine anasema ni upepo. Huineng akawaambia si bendera wala si upepo, ni nia zenu ndizo zinazotikisika. Mkuu wa hekalu akamtambua, akamnyoa nywele chini ya mti wa bodhi, mti mtakatifu kwa Wabudha, kumfanya mtawa rasmi, na nywele zile zikazikwa. Juu yake ukajengwa mnara wa pembe nane wenye tabaka saba. Mti uliopo leo umetokana na tawi lililorudishwa baada ya tufani kuung'oa ule wa awali kiasi cha miaka mia mbili iliyopita. Chini yake kuna kivuli na mahali pa kukaa, na hapo utamwacha mama apumue.

Mengine hayahitaji maelezo marefu. Yule mtu mnene anayecheka, tumbo wazi, utakayemkuta ukumbi wa kwanza wa karibu kila hekalu la China, si Buddha aliyeanzisha dini hiyo. Ni Budai, mtawa wa karne ya kumi anayeaminiwa kuwa sura ya Buddha atakayekuja baadaye. Na ile alama iliyo vifuani mwa sanamu, inayofanana na ya Wanazi, ni alama ya heri iliyotumika India na China kwa zaidi ya miaka elfu mbili kabla Hitler hajazaliwa. Mwambie mama mapema asije akashtuka.

Sasa kijana wetu wa yuan mia.

Fanya hesabu kama unavyoifanya dukani. Gari pamoja na dereva kwa siku nzima Guangzhou peke yake linapita yuan 100, hapo hujaweka mafuta, maegesho, wala chakula cha kijana. Kwa hiyo anakuuzia chini ya gharama. Wewe ukimwona mtu Kariakoo anauza kitenge chini ya bei ya kiwandani unajiuliza nini? Unajua faida iko mahali pengine. Hapa faida ni kamisheni. Kila duka atakalokuingiza lina makubaliano naye, ukinunua anapata fungu lake, na wakati mwingine analipwa hata kwa kukufikisha tu. Ndiyo maana anasema mahekalu matano. Mahekalu yenyewe hayana kamisheni, hivyo utakaa dakika 15 kila moja, na katikati yake kutakuwa na chai ya "kuonja tu", "daktari" wa kukushika mshipa wa mkono na kukuandikia dawa za mitishamba, na jedi, lile jiwe la kijani ambalo Wachina hulithamini kama dhahabu.

Nalijua hili kwa mwili wangu. Mwaka wangu wa kwanza nilichukua matembezi ya bei ya chini kama hayo. Hekalu tuliliona kwa dakika 20. Duka la jedi tulikaa saa mbili, mlango umefungwa "kwa ajili ya kiyoyozi". Nilitoka na bangili ya mke wangu ambayo baadaye sonara mmoja aliigeuzageuza, akanirudishia bila kusema neno. Nilielewa.

Huyo kijana simwiti mwizi, pengine ni mtu mzuri kabisa. Tatizo ni kwamba katika mpango huo wewe si mwajiri wake. Mwajiri ni duka, na wewe ndiye bidhaa. Serikali ya China inaijua michezo hii: Sheria ya Utalii iliyoanza kutumika tarehe 1 Oktoba 2013 inakataza kampuni kuwavuta watu kwa safari za bei ya kutupa ili zijilipe kwa kuwapeleka madukani. Na mwongoza watalii kwa sheria zao hufanya mtihani wa serikali, hupewa kibali, na hutumwa kazini na kampuni yenye leseni. Kibali siku hizi kinaonyeshwa kwenye simu. Kumwomba mtu akuonyeshe si ukorofi. Mwenye nacho hukitoa akitabasamu.

Mtu akija na hoja kwamba afadhali kijana wetu Mtanzania anayesoma hapo, atakueleza kwa Kiswahili, jibu langu ni ndiyo na hapana. Kama rafiki wa kutembea naye, mkala pamoja, ni baraka. Lakini ukimlipa kama mwongozaji unamtia hatarini, maana visa ya masomo haimruhusu kufanya kazi bila kibali, na siku ya ukaguzi wewe utapanda ndege urudi, yeye ndiye atakayebaki kujieleza.

Je, mwongozaji ni lazima? Si lazima. Kufika Guangxiao ni rahisi: treni ya chini ya ardhi, njia namba 1, stesheni ya Ximenkou, kisha dakika chache kwa miguu. Maandishi kadhaa yana Kiingereza, na simu itakutafsiria mengine kwa kubabaisha. Kama bajeti imebana, nenda mwenyewe na mama, kaeni chini ya mti, mtarudi mmefurahi. Hata hivyo, ukiwa na uwezo wa kulipa nusu siku ya mwongozaji mwenye kibali, mimi ningelipa. Kwa ajili ya njia simhitaji, ramani ipo. Ninachomlipia ni kusoma mahali. Mahekalu ya China kwa jicho geni yanafanana sana, paa zilezile, sanamu za dhahabu zilezile, na mgeni asiye na wa kumweleza hufika la pili akachoka. Ambalo nisingefanya kwa bei yoyote ni lile la katikati, la kijana na gari la yuan mia. Afadhali peke yenu.

Wa kuzungumza Kiswahili usimtegemee, ni nadra; wa Kiingereza wapo. Omba kupitia kampuni ya utalii yenye leseni au dawati la hoteli, na usisubiri ufike, kwa sababu mwezi wa kumi ni msimu wa maonyesho makubwa ya biashara na watu wazuri hushikwa mapema. Mambo matatu yaandikwe kwenye ujumbe, hata kama ni wa simu tu: saa za kazi, nani analipa usafiri na viingilio, na maneno haya wazi, "hatutaki kusimama duka lolote." Akianza kukushawishi juu ya hilo la tatu, mshukuru na utafute mwingine. Kisha mpe mtihani wangu mdogo, muulize: "Pale Guangxiao, kitu gani ni cha kale chenyewe, hakijajengwa upya?" Akitaja minara ya chuma, umepata mtu. Akisema vyote, endelea kutafuta.

Pasipoti zenu mtembee nazo, ndiyo sheria kwa wageni, na milango mingine huiomba. Lakini haikai mfukoni mwa mwongozaji wala kwenye kaunta ya duka. Akiishika na kukataa kuirudisha, au mkifungiwa dukani, msibishane: polisi ni 110, na malalamiko ya kudanganywa hupelekwa namba 12345. Ikifikia hapo, wasiliana pia na ubalozi wako. Kuna na wale wanaovaa kama watawa nje ya mageti au kwenye mitaa yenye watalii; anakupachika bangili ya shanga au kadi ya dhahabu, halafu anafungua daftari la michango lenye majina na viwango. Mtawa wa kweli wa China hafanyi hivyo barabarani. Mrudishie kitu chake, tembea.

Kwa siku moja na nusu na magoti ya mama, mimi nisingekwenda matano. Ningekwenda mawili, asubuhi moja. Guangxiao mapema kabla jua halijapanda, saa moja na nusu bila haraka. Kutoka hapo mwendo wa kama dakika kumi, au teksi fupi, kuna hekalu la Liurong. Lilianzishwa mwaka 537 kuhifadhi masalia matakatifu yaliyoletwa kwa bahari kutoka upande wa Kambodia. Mwaka 1100 mshairi na afisa Su Dongpo alipita hapo, akaona miti sita ya jamii ya mikuyu uani, akaandika herufi mbili tu, "mikuyu sita", na jina la hekalu likawa hilo mpaka leo ingawa miti ile ilishakufa. Mnara wake una urefu wa mita 57 hivi. Ukiutazama nje una ghorofa tisa, ndani zimo 17, na mwongozaji akikosa kukuambia hilo mdai. Msifikirie kuupanda. Uzuri wake unaonekana kutoka chini.

Na hapo, dada, nikuongezee jambo ambalo hukuliuliza. Ukitoka Liurong kuelekea kusini, mbali kidogo tu, upo msikiti wa Huaisheng, na mnara wake mweupe wa duara wa mita 36 uitwao Guangta, mnara wa mwanga. Mapokeo ya Waislamu wa China yanasema uliasisiwa na sahaba Sa'd bin Abi Waqqas. Wanahistoria wengi hawakubali tarehe hiyo, lakini hakuna anayepinga kwamba ni miongoni mwa misikiti ya kale kabisa nchini humo. Mto unaopita mjini zamani ulikuwa karibu zaidi, na taa ya juu iliongoza majahazi. Wasio Waislamu mara nyingi huishia getini. Nyinyi mtaswali adhuhuri. Mtakuwa mmeona kwa asubuhi moja jinsi mji huu ulivyopokea dini mbili kupitia bandari ileile: watawa wa India na masalia ya Kambodia, wafanyabiashara wa Kiarabu na Kiajemi, wote abiria wa biashara ya bahari iliyoleta pia sahani za Kichina ambazo vipande vyake huchimbuliwa Kilwa na mji wa kale wa Shanga kisiwani Pate. Walisubiri kusi kama babu zetu walivyousubiri.

Hekalu la Hualin, ambako inasemwa ndipo aliposhuka Bodhidharma, yule mtawa tuliyemjua kupitia picha za kung fu za Shaolin kwenye vibanda vya video, lina historia nzuri, lakini limezungukwa na soko la jedi. Kama mama hana neno na maduka, nendeni alasiri. Sanamu zake 500 za watakatifu ni za kutengenezwa upya, za awali ziliharibiwa wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni, yale ya enzi za Mao. Hekalu la Dafo, karibu na mtaa wa maduka wa hapohapo Guangzhou uitwao Beijing, lipitieni usiku kwa nje tu, linavyowashwa taa linapendeza, na mtakuwa hapo kwa manunuzi hata hivyo.

Mwisho, tarehe. Siku ya kwanza na ya 15 ya mwezi wa Kichina mahekalu hufurika, moshi wa udi unawasha macho na benchi hakuna, kwa hiyo kwa mama ziepuke. Huhitaji kalenda ya Kichina: wao nao huhesabu mwezi mwandamo, kwa hiyo tazama ile kalenda ya Kiislamu iliyo ukutani kwako, tofauti ni siku moja au mbili. Na mama mfikishie shikamoo yangu.